Kipa wa miaka 34 na makipa watatu wadogo: aendelee kudaka, afundishe, au vyote viwili?

Kizota_Juu ameuliza:

Habari za jioni wakuu. Naomba msaada wa wanaoyajua mambo ya langoni, maana kwenye vikao vya timu kila mtu ni kocha wa washambuliaji, ila ikifika zamu ya kipa watu wanaangalia simu.

Timu ipo ligi ya mkoa hapa Dodoma. Kipa namba moja ana miaka 34, urefu sentimita 179. Nyuma yake wapo vijana watatu wa miaka 14, 15 na 17. Mkubwa anataka misimu miwili tena, na papo hapo aanze kuwanoa hao wadogo. Kiwanja ni changarawe na mbigili, nyasi tunaziona wakati wa masika tu.

Yanayosumbua ni haya. Mipira ya chini kushoto kwake anachelewa. Vidonda vya nyonga na kiwiko havikauki. Upepo wa katikati ya mwaka ukianza, krosi zinampita. Glovu hazimalizi mwezi. Mazoezi ni Jumanne hadi Ijumaa, mechi Jumapili. Zoezi la makipa kwa sasa ni kupigiwa mashuti na washambuliaji mwisho wa mazoezi, basi.

Tatizo ni umri au ni mazoezi? Vijana waanzie wapi? Na vyeti vya ukocha wa makipa vinapatikanaje? Pesa ni ya kuchangishana, kwa hiyo msinitajie vifaa vya Ulaya.

Mtambaa_Panya amejibu:

Mkuu, umri peke yake haumtoi kipa golini. Dino Zoff wa Italia alibeba Kombe la Dunia 1982 akiwa na miaka 40, tena nahodha. Essam El-Hadary wa Misri aliidakia nchi yake Kombe la Dunia 2018 akiwa na miaka 45, akapangua na penalti ya Saudi Arabia. Na hapa nyumbani, Juma Kaseja alikuwa langoni Simba ilipowavua ubingwa wa Afrika Zamalek ya Misri kwa penalti mwaka 2003. Miaka 16 baadaye, Septemba 2019, alikuwa langoni Taifa Stars ilipoitoa Burundi kwa penalti kwenye mchujo wa Kombe la Dunia. Kwa hiyo 34 siyo kesi.

Kesi ni idadi ya mara anazoanguka chini kwa wiki, tena kwenye changarawe. Hebu hesabu siku moja. Washambuliaji wanane, kila mmoja mashuti matano, hiyo ni mipira 40. Akiangukia nusu tu, ni mara 20 kwa siku. Zidisha kwa siku nne: 80, kabla ya mechi. Nyonga ya nani itapona hapo?

Mpangie hivi. Jumatatu apumzike. Jumanne ndiyo siku ya kuanguka: mara 24 hadi 30, nusu kulia nusu kushoto, halafu imetoka. Jumatano nguvu za miguu na kupiga mpira kwa mguu, bila kuanguka hata mara moja. Alhamisi krosi na kutoka langoni pamoja na mabeki wake, kuanguka kusizidi mara 10. Ijumaa dakika 20 za mikono na miguu myepesi, arudi nyumbani. Jumamosi asiguse mpira. Washambuliaji wakitaka goli la kupigia mashuti mwisho wa mazoezi, wawekewe koni kwenye kona za goli walenge hizo. Kipa siyo ukuta wa mazoezi.

Sasa huo mpira wa chini kushoto. Watu husema "amepungua spidi", na mara nyingi siyo kweli. Shuti la kilomita 90 kwa saa kutoka mita 16.5 linafika golini kwa takriban theluthi mbili za sekunde. Kwa muda huo hakuna kijana wala mzee anayeweza kusogea kwanza, kutulia, kisha kuruka. Anayewahi ni yule aliyekuwa ametulia kabla mguu wa mpigaji haujagusa mpira. Mchukue video kwa simu ukiwa nyuma ya goli, isimamishe pale mpira unapoguswa, tazama miguu yake. Ukikuta mguu mmoja uko hewani au bado anatembea kwenda pembeni, umeshapata ugonjwa.

Kutulia maana yake nyayo zote mbili chini, upana wa mabega au zaidi kidogo, magoti yamelegea, uzito uko mbele ya nyayo na siyo visiginoni, mikono mbele ya mwili kimo cha kiuno. Karukio kadogo kabla ya shuti ni sawa, ila kawe ka sentimita tano hivi. Makipa wengi wa mtaani wanaruka juu kama wanaruka kamba. Mpira unatoka wakati wao bado wako hewani, na hewani huwezi kusukuma ardhi.

Halafu hatua yenyewe. Mpira ukiwa karibu, ndani ya mita moja na nusu, hakuna hatua: mguu wa upande huo unaondolewa chini ya mwili, mwili unaporomokea ubavu. Mpira ukiwa mbali zaidi, mguu wa upande huo ndio unapiga hatua, na hatua iende mbele kwa mshazari, siyo pembeni wala nyuma. Anayepiga hatua ya pembeni anaangukia ndani ya goli lake, na mpira anaougusa unaingia naye.

Kama kushoto ndiko anakochelewa, mpime. Asimame kwa mguu wa kushoto, aruke kwenda kushoto, pima kwa futi kamba. Fanya hivyo na kulia. Mara tatu kila upande, chukua iliyo ndefu. Upande mmoja ukipungua zaidi ya sehemu moja ya kumi, tatizo ni mguu huo, siyo macho. Wiki sita za kupanda na kushuka tofali kwa mguu mmoja, kuchuchumaa kwa mguu mmoja huku ameshika nguzo, na kuruka pembeni akatua na kuganda sekunde mbili. Seti tatu za mara nane, siku mbili kwa wiki. Ila goti likiuma au likivimba, aache na aende hospitali. Asijichue na mafuta akaendelea.

Vidonda vya kiwiko vinaonyesha anatua vibaya. Kwenye mpira wa chini, mguu wa chini unagusa ardhi kwanza, kisha ubavu wa paja, kisha nyonga kwa pembeni, kisha bega, na mpira wenyewe unabanwa chini ukasaidia kupokea uzito. Mkono mmoja nyuma ya mpira, mwingine juu yake. Kiwiko kikitangulia, ni kwamba ameanguka akiwa amesimama wima. Ashushe makalio kwanza, safari ya kwenda chini iwe fupi.

Na jambo ambalo watu wa ligi za mkoa hawalijui: Sheria ya 4 ya soka inamruhusu kipa kuvaa suruali ya traki na kofia. Hakuna refa wa kumkatalia. Kuona kipa anadaka kwenye kokoto na bukta fupi kwa sababu "ndivyo Ulaya wanavyovaa" kunanichosha. Ulaya wanaangukia zulia.

Mbigili amejibu:

Naongezea la kiwanja, maana hilo la kuanguka mara 30 kwenye changarawe bado ni adhabu.

Tafuteni kona moja nje ya uwanja, mita 3 kwa 5, mchimbe sentimita 15, mjaze mchanga wa korongo uliochekechwa. Hiyo ni mita za ujazo mbili na robo, zaidi ya tani tatu. Kirikuu haibebi yote kwa safari moja, msije mkavunja gari la watu. Pembeni wekeni magunia yaliyokatwa kama kingo, la sivyo mvua ya kwanza ya Desemba inaondoka nao. Kabla ya kila zoezi pitisheni reki. Mbigili zinaletwa na upepo na soli za viatu, na moja tu kwenye kiganja inamaliza kazi ya wiki.

Mchanga ni wa kujifunzia kutua tu. Msifanyie mazoezi ya miguu myepesi humo. Mchanga unameza nguvu ya kusukuma, mtoto anajifunza kusubiri, na akirudi kwenye ardhi ngumu anateleza.

Mkishindwa mchanga, chukueni pumba za mpunga. Mashine za Bahi zinazo nyingi. Jazeni viroba robo tatu, siyo pomoni. Kiroba kilichojaa hadi juu kinakuwa kigumu na kinaviringika, mtu anateguka kifundo. Vishoneni mdomo, vipangeni sita kwa mstari, funikeni na turubai lililovutwa kwa mambo. Zikilowa zitoeni zikauke, zikioza zinatoa vumbi la kukohoza.

Nyavu_za_Mashariki amejibu:

Mimi nijibu la upepo na glovu.

Upepo wa kiangazi hapa kwetu kwa sehemu kubwa unatoka mashariki, na mechi nyingi za mkoa zinachezwa saa 10 jioni jua likiwa magharibi. Kiwanja kinatakiwa kilazwe kaskazini kwa kusini, lakini viwanja vingi vya shule vimelazwa kufuata barabara au ukuta. Kama chenu kimelala mashariki kwa magharibi, kipa anayelinda goli la mashariki ana upepo mgongoni na jua usoni. Mwenzake ana jua mgongoni na upepo usoni. Nahodha aulize kipa wake kabla ya kurusha shilingi. Anayeshinda ana hiari ya kuchagua goli au kuanzisha mpira, na watu wanachagua kwa mazoea tu. Kwa timu yenye kipa mkongwe ningelichukua jua kipindi cha kwanza, kwa sababu kofia ipo. Dawa ya upepo usoni haipo.

Krosi kwenye upepo. Kabla ya kona kupigwa, arushe kiganja cha vumbi aone linaelekea wapi. Upepo ukisukuma mpira kuelekea goli, abaki nusu mita tu kutoka mstarini, katikati ya goli, mwili wazi kuelekea uwanjani na siyo kuelekea mpigaji. Upepo ukiutoa mpira nje, asogee hadi mita moja na nusu au mbili mbele. Kosa la mkongwe ni kwamba anasoma krosi kwa kumbukumbu ya siku isiyo na upepo: anaanza kukimbia mpira ukitoka mguuni, unabadilika njiani, anajikuta chini yake. Achelewe kuanza, awe mwepesi akianza. Hesabu ni hii: tazama mpira hadi ufike nusu ya safari yake, ndipo amua. Akisema "wangu!" aende mpaka mwisho. Akisita hatua mbili nje ya mstari, hapo ndipo magoli yanapoingia, heri angebaki.

Siku ya upepo mkali asilazimishe kudaka krosi za katikati ya watu. Ngumi mbili pamoja, mpira uende juu na pembeni, siyo mbele ya 18 (eneo la penalti). Ngumi moja aiache kwa mipira inayokwenda nyuma yake.

Goli kiki dhidi ya upepo: asipige juu. Tangu 2019 mpira unakuwa mchezoni ukishapigwa na kusogea, hausubiri kutoka kwenye 18, kwa hiyo beki anaweza kuupokea ndani ya eneo. Apige chini kwa beki wa pembeni. Ila kwenye changarawe mpira wa chini unadunda, basi beki asipewe akiwa ameelekea goli lake.

Mpira wenyewe pia. Kipimo ni uzito wa gramu 410 hadi 450 na hewa ya ndani paundi 8.5 hadi 15.6 kwa inchi ya mraba. Ukijazwa asubuhi ukaachwa juani hadi saa 10, hewa ya ndani inapata joto, mpira unakuwa jiwe, na kipa anautema. Jazeni karibu na mechi, au muuweke kivulini na mpime tena.

Glovu: mpira wa kiganja unashika ukiwa na unyevu kidogo, na adui wake ni vumbi. Kabla ya mechi azioshe kwa maji safi, azikamue kwa kukunja ngumi, asizisokote. Awe na chupa ya maji nyuma ya goli, kila mpira ukitoka nje alowanishe. Baada ya mechi maji ya uvuguvugu bila Omo, asugue kiganja kwa kiganja polepole, azianike kivulini. Jua la Dodoma linazipasua ndani ya wiki. Asiziache zimelowa ndani ya begi pia, zinaoza na kunuka. Anunue jozi ya bei ya chini yenye kiganja kigumu ya mazoezi, ile laini aifiche kwa ajili ya Jumapili. Na akianguka asijisukume kusimama kwa viganja. Ainuke kwa ngumi, au mpira ukiwa kifuani. Hapo ndipo glovu nyingi zinapofia.

Kizota_Juu ameandika:

Shukrani sana. Jumanne tunaanza na video ya miguu. Nyavu, la goli kiki nimelielewa.

Sasa kuhusu vijana. Mkubwa ameshaanza nao kwa moyo wote: anawapanga mmoja mmoja golini, anasimama pale kwenye penalti, mashuti 40 mfululizo kwa kila mmoja. Wa miaka 14 jana amekaa chini analia. Wengine wanasema ndiyo ukomavu. Na kuhusu yeye kuwa kocha na mchezaji kwa pamoja, kamati imegawanyika.

Kona_Fupi amejibu:

Hilo la mashuti 40 lisimame leo. Kutoka mita 11, shuti la kasi ileile iliyotajwa juu linafika chini ya nusu sekunde. Mtoto hapati nafasi ya kusoma kitu, anabahatisha. Akifika la kumi amechoka, miguu imekufa, na kuanzia hapo anachofanyia mazoezi ni makosa yake. Kuruka nusu, kugeuza uso, kuinua mguu badala ya mikono. Ukomavu gani huo?

Mna makipa wanne, mnayo mashine kamili. Wawekeni vijana watatu kwa zamu: mmoja golini, mmoja anatoa mipira, mmoja anapumzika na kuokota. Mipira sita, kisha zamu inazunguka. Bila saa, kila mmoja anajikuta amefanya kazi nusu dakika na kupumzika dakika moja na zaidi. Yule mkongwe asiwe mpigaji. Asimame pembeni ya nguzo aangalie miguu. Kipa anayefundisha huku anapiga mashuti haoni chochote, macho yake yako kwenye mpira wake.

Kipindi kimoja kiwe dakika 60 mpaka 75. Kumi za kupasha mwili na kushika mpira: juu ya kifua, vidole gumba vikaribiane nyuma ya mpira. Chini ya kifua, vidole vidogo vikaribiane kama mtu anayeteka maji kwa viganja. Mpira wa tumboni unakumbatiwa, kifua kinauinamia. Hayo ni ya kila siku, kama kuswaki. Ishirini za jambo moja tu la siku hiyo, kwa mfano kuporomokea kushoto. Ishirini za kuamua: mshambuliaji mmoja, beki mmoja, kipa achague atoke au abaki. Dakika zilizobaki waingie na timu. Kipa asiyecheza na timu mazoezini anajua kuruka lakini hajui kupanga mabeki.

Goli la mita 7.32 kwa 2.44 ni kubwa kwa wa miaka 14. Mwekeeni koni mita 5.5 au 6, upana uongezeke kadiri anavyokua. Ukimwacha kwenye goli zima anajifunza kuwa mipira ya kona haidakiki, anaacha kuifuata, na tabia hiyo inabaki hata akifika futi sita.

Kuna zoezi moja la bei ya kamba ya katani ambalo ningeanza nalo, kwa sababu linafundisha kitu ambacho mkongwe anakijua mwilini lakini hawezi kukieleza. Kata kamba mbili za mita 13. Funga moja chini ya kila nguzo, zivute zote zikutane pale penye alama ya penalti, weka mpira hapo. Sasa mtoto asimame mstarini kati ya kamba: nafasi ya kulinda ni mita 7.32 yote. Asogee mita 4 mbele: kati ya kamba na kamba sasa ni mita 4.66. Asogee hadi mita 5.5, nusu ya njia: ni 3.66. Anaona kwa macho kwa nini kipa anatoka. Kisha hamisha mpira pembeni, kushoto mwa 18, uvute kamba upya (hapo zinatakiwa ndefu zaidi, za mita 22 hivi). Atagundua kuwa katikati ya kamba siyo katikati ya goli. Makipa wengi wa mtaani wanafungwa upande wa nguzo ya karibu kwa sababu wanajipima kwa nguzo badala ya kujipima kwa mpira.

Ila mfundisheni na upande wa pili: akitoka sana anachopiwa juu. Mpigaji akiinamisha kichwa na mguu ukirudi nyuma, kipa ametulia, hasogei tena. Mpigaji akiinua kichwa na hakuna anayembana, kipa anarudi hatua mbili.

Miguu isisahaulike. Tangu 1992 pasi ya makusudi ya mguu kutoka kwa mwenzake haishikwi kwa mikono, na baadaye mpira wa kurusha wa mwenzake nao ukaingia humo. Kila kijana apige pasi 40 kwa wiki kwa mguu ule dhaifu, mita 15 hadi 20, kwanza mpira umesimama, kisha unakuja. Na ipo sheria ya 2025: kipa akishika mpira zaidi ya sekunde 8, wapinzani wanapewa kona. Refa anainua mkono na kuhesabu kwa vidole sekunde tano za mwisho. Wakongwe waliozoea kulala na mpira wakivuta muda ndio watakaoumia nayo. Zoezi: dakia krosi, kimbia mpaka ukingo wa 18, mpira uwe umeshatoka mkononi ndani ya sekunde sita.

Kuna kosa moja la wakongwe wanapoanza kufundisha, nalo ni kubwa kuliko mashuti 40: wanafundisha udakaji wao wenyewe. Mtu wa sentimita 179 ameishi kwa kutoka mapema na kusoma mchezo. Akimpata kijana wa miaka 17 mwenye sentimita 190 anamlazimisha atoke vilevile, wakati huyo mikono yake inafika kwenye mtambaa panya bila shida, na shida yake ni mipira ya chini. Kila kijana aandikiwe karatasi yake.

Kuhusu karatasi: chukueni daftari la goli zilizoingia. Kila goli mistari minne. Mpira ulitoka wapi. Uliingia sehemu gani ya goli (gawa goli mara tisa, tatu kwa tatu). Kipa alikuwa hatua ngapi kutoka mstarini. Alikuwa ametulia au anatembea. Baada ya mechi kumi hamtahitaji kubishana kwenye kikao.

Mtambaa_Panya amejibu:

Kona_Fupi yuko sahihi kwa vijana, ila sikubaliani na mia kwa mia kuhusu mkongwe kutopiga mashuti. Kupiga mpira wa mkono kwa kiki ya juu na kupeleka krosi kwa usahihi ni ufundi wa kocha wa makipa, lazima aufanyie mazoezi. Kocha asiyeweza kupeleka mpira pale anapotaka, mara nane kati ya kumi, anaharibu zoezi zuri. Apige, lakini kwa mipira sita hiyohiyo, halafu azunguke nyuma ya goli kuangalia.

La kamati: hakuna dhambi mtu kudaka na kufundisha. Peter Shilton, kipa wa zamani wa England, alikwenda Plymouth Argyle mwaka 1992 akiwa mchezaji na kocha mkuu kwa pamoja, akiwa na zaidi ya miaka 40. Penye hatari ni mtu kujipanga mwenyewe. Kijana wa 17 akidaka vizuri wiki nzima halafu mwalimu wake akajiweka Jumapili, hatamwamini tena. Kwa hiyo yeye atoe ripoti ya makipa wote, pamoja na yake mwenyewe, kocha mkuu ndiye aamue nani aanze. Hata Uholanzi ya 2014 ilikuwa hivyo: kocha wa makipa Frans Hoek aliwaandaa makipa, lakini aliyemwingiza Tim Krul mwisho wa muda wa nyongeza dhidi ya Costa Rica ni Louis van Gaal. Krul akapangua penalti mbili.

Siku ya mechi pia mgawane kazi. Akiwa anaanza yeye, asimpashe mwili kipa wa akiba wala asitoe maelekezo kwa vijana nje. Dakika 25 ni zake. Awe na mipira michache ya mikononi, krosi nne kila upande, kuanguka mara nne tu, na kiki ndefu mbili au tatu apime upepo.

Kona_Fupi amejibu:

Hiyo ya mara nane kati ya kumi naikubali, nimejifunza kitu.

Vyeti: ngazi za CAF zinaanzia leseni D, kisha C, B, A na Pro. Kozi za makocha wa makipa zipo peke yake, ila D ndiyo ninayomshauri aanze nayo, kwa sababu humo ndimo mtu anajifunza kupanga kipindi cha mazoezi na kufundisha watoto, vitu ambavyo kudaka miaka 20 hakumpi mtu. Kozi zinatangazwa na TFF (shirikisho la soka nchini) na mara nyingi zinapita kwenye vyama vya mikoa, hivyo aache jina lake ofisi ya DOREFA (chama cha soka mkoa wa Dodoma) na ajiunge na TAFCA (chama cha makocha wa soka). Asisubiri kustaafu. Zoff alipoacha kucheza 1983 alianza kwa kunoa makipa wa Juventus, baadaye akaifundisha timu kuu na kutwaa Kombe la UEFA 1990, na mwaka 2000 akaifikisha Italia fainali ya Ulaya. Thomas N'Kono wa Kamerun alibaki kwenye kazi ya makipa, Espanyol na timu ya taifa. Nuno Espírito Santo naye alianza na makipa wa Málaga kabla ya kuwa kocha mkuu. Njia ni zaidi ya moja, ila wote walianzia kwenye kazi ndogo.

Wakati anasubiri kozi, aombe shule moja ya sekondari ya jirani amsaidie mwalimu wa michezo na makipa wa UMISSETA (michezo ya shule za sekondari). Huko atakutana na watoto wasiojua kushika mpira kabisa, na ndipo ataona kama maelezo yake yanaeleweka.

Kizota_Juu ameandika:

Nimempelekea ujumbe wote. Jibu lake la kwanza: "Suruali ya traki inaruhusiwa kweli?" Swali la mwisho wakuu: kidole cha mwisho mkono wa kulia, ncha imeinama, hawezi kuinyoosha mwenyewe, ila haiumi sana. Anacheza nacho tangu wiki mbili zilizopita.

Nyavu_za_Mashariki amejibu:

Asicheze nacho tena hata siku moja. Ncha ikiinama na kushindwa kujinyoosha, mara nyingi ni mshipa wa kunyooshea kidole umekatika au umeng'oka na kipande cha mfupa, na ndiyo maana maumivu yanaweza kuwa madogo. Kufunga na kidole jirani kwa plasta ni kwa ajili ya kidole kilichoteguka kinachojinyoosha, hiki sicho. Kesho asubuhi aende hospitali apigwe picha. Kwa kawaida wanaweka kibanio kinachoinyoosha ncha muda wote, usiku na mchana, kwa wiki sita hivi, na ikiinama hata mara moja katikati, hesabu inaanza upya. Leo usiku aifunge na kijiti cha aiskrimu upande wa chini, ncha ikiwa imenyooka, asibane hadi kidole kikawa cheupe.

Jumapili mpangeni wa 17, na upepo ukiwepo mwambieni abaki mstarini kwenye kona.